Baada ya Juri Kwenda Nyumbani

Wanafunzi wa sheria mmeketi upande huu na wanafunzi wa filamu mmeketi upande ule, kana kwamba mmekuja kushtakiana.

Nimeombwa nizungumzie filamu za hali halisi zinazohusu sheria na watu wake. Mada hiyo haiishi kwa jioni moja, kwa hiyo nitaibana. Nitamzungumzia mtu mmoja tu kati ya wote wanaoonekana mahakamani: raia wa kawaida anayeitwa kwa barua, akaketishwa pembeni, akaambiwa asikilize, aamue, kisha arudi zake nyumbani. Jaji analipwa mshahara. Wakili ana ada yake. Mshtakiwa na waliodhurika wana kesi yao. Huyu wa pembeni hana chake pale, na katika nchi zenye juri ndiye anayetamka kama mtu ana hatia au hana.

Kwa miaka mingi wenzangu wa kamera wamehangaika kuingia katika chumba ambamo juri hushauriana, wakiamini kwamba siri yote imo humo. Mimi nadhani wamekuwa wakigonga mlango usio wenyewe. Kazi bora niliyoiona juu ya jambo hili ilifanywa na mtu aliyekwenda kubisha hodi majumbani, zaidi ya miaka 20 baada ya hukumu.

Lakini tuanze na chumba, maana kina historia yake na historia hiyo ina visa.

Mwaka 1954, mjini Wichita katika jimbo la Kansas, watafiti wa Chuo Kikuu cha Chicago walipewa ruhusa na majaji, na mawakili wakakubali, kurekodi mashauriano ya juri kadhaa katika kesi za madai. Wajumbe wenyewe hawakuambiwa lolote, mikrofoni zilifichwa. Mwaka uliofuata sehemu ya kanda ilichezwa kwenye mkutano wa majaji, habari zikatoka, magazeti yakachachamaa, na watafiti wakaitwa mbele ya kamati ndogo ya Seneti wajieleze. Mwaka 1956 Bunge la Marekani likapitisha sheria iliyofanya kurekodi mashauriano ya juri katika mahakama za shirikisho kuwa kosa la jinai. Watafiti hawakukata tamaa. Mwaka 1966 Harry Kalven na Hans Zeisel walitoa kitabu, The American Jury, kilichochambua kesi 3,576 za jinai. Kwa kuwa mlango wa juri ulikuwa umefungwa, walifanya nini? Waliwauliza majaji kwa dodoso: juri yako iliamuaje, na wewe peke yako ungeamuaje? Jibu likawa kwamba katika takribani robo tatu ya kesi, jaji na juri waliafikiana. Kwa hiyo kitabu kikuu kuhusu raia 12 kilitegemea kalamu za watu waliokuwa wakiwatazama kutoka kwenye kiti cha juu.

Sheria ile ya 1956 ilihusu mahakama za shirikisho tu. Majimbo yana mahakama zake, na huko ndiko kamera ilikopata upenyo. Mwaka 1986 kipindi cha Frontline cha televisheni ya umma ya Marekani kilirusha filamu ya Alan Levin na Stephen Herzberg, Inside the Jury Room, iliyopigwa katika jimbo la Wisconsin kwa idhini ya mahakama, huku wajumbe wakijua kuwa wanarekodiwa. Kesi yenyewe ilikuwa ndogo. Mtu aliyewahi kufungwa alikutwa amenunua bastola, jambo ambalo sheria ilimkataza. Alikuwa na uwezo mdogo wa kusoma, na alikuwa amejiandikisha kozi ya upelelezi kwa njia ya posta. Askari alipoona kwamba ana risiti ya bastola, alimwambia aende nyumbani akailete. Akaenda, akaileta. Yote yaliyotakiwa na sheria yalithibitishwa: alikuwa na rekodi ya jinai, alimiliki silaha, na alijua kuwa anaimiliki.

Juri ilijifungia kwa takribani saa mbili na nusu, ikatoka na neno moja: hana hatia.

Wanasheria wameitumia filamu hiyo darasani kwa miaka mingi, na nawaelewa. Mle ndani mnaona watu ambao kazi yao ni mambo mengine kabisa wakihangaika na swali ambalo ninyi hulisoma kwa muhula mzima: sheria ikisema hivi na dhamiri ikisema vile, raia aliyekula kiapo afanye nini? Wapo waliosema kazi yetu ni kupima ushahidi na kuondoka. Wapo waliouliza, basi kwa nini wasitumie mashine? Filamu ni nzuri. Hata hivyo kila nikiitazama nabaki na wasiwasi wa mhariri. Saa mbili na nusu zimekatwa zikatosha kipindi cha televisheni. Aliyenyamaza muda wote hana nafasi katika mkato wa namna hiyo, na ndani ya chumba chochote cha watu 12 wapo walionyamaza. Tena mtu anayejua kuwa kamera inamtazama hujenga hoja zake vizuri zaidi, huacha kusema kwamba amechoka, kwamba anataka kwenda kumchukua mtoto shule. Tunachokipata ni mjadala. Mjadala ni sehemu ya uamuzi, lakini si wote.

Hapo tuna deni pia kwa Reginald Rose. Alihudumu katika juri mjini New York, akaandika tamthilia ya televisheni iliyorushwa 1954, na mwaka 1957 Sidney Lumet akaigeuza kuwa filamu ya 12 Angry Men. Tangu hapo kila mtengenezaji filamu anayeingia katika chumba cha juri anamtafuta mtu mmoja mwenye suti nyeupe, kama shujaa wa filamu ile, atakayewageuza wenzake 11. Asipompata humtengeneza mezani kwa mhariri. Nimefanya kazi ya uhariri vya kutosha kujua jinsi hilo lilivyo rahisi.

Texas walijaribu kwenda mbali zaidi. Mwaka 2002 jaji mmoja wa Houston aliwaruhusu watu wa Frontline kurekodi mashauriano katika kesi ya mauaji ambayo mshtakiwa, kijana aliyekuwa na umri wa miaka 17 wakati wa tukio, angeweza kuhukumiwa kifo. Upande wa mashtaka ulipinga, na mwanzoni mwa 2003 mahakama ya juu ya jinai ya jimbo ikazuia. Nilipozisoma hoja za pande zote mbili nilijikuta, mimi mtu wa kamera, niko upande wa waliozuia. Mtu anayeamua juu ya uhai wa mwenzake asiwe anawaza pia jinsi atakavyoonekana sebuleni kwa jirani.

Uingereza hawana mjadala huo hata kidogo. Sheria ya Kudharau Mahakama ya 1981 ilipiga marufuku kutoa, kupata au kuchapisha yaliyosemwa na juri, na mwaka 2015 makosa hayo yakawekwa upya ndani ya Sheria ya Juri. Anayesema na anayeuliza wote wana hatari ya kushtakiwa. Ndiyo maana mwaka 2024 watu wa televisheni ya Channel 4 waliamua kuigiza: wakachukua kumbukumbu za kesi halisi ya mauaji, wakawapa waigizaji, kisha wakaketisha juri mbili za watu wa kawaida, zisikilize kesi ileile bila juri moja kujua kuwa ipo nyingine. Juri moja ilisema ni kuua kwa kukusudia, nyingine ikasema ni kuua bila kukusudia. Wengi walishtuka. Mimi niliona ni jaribio la maabara lenye taa nzuri. Hakuna aliyepelekwa gerezani jioni ile, na wale 24 walilijua hilo.

Sasa nije kwa aliyebisha hodi.

Florent Vassault ni Mfaransa. Kwao Ufaransa mjumbe wa juri hula kiapo cha kutunza siri ya mashauriano hata baada ya kazi yake kwisha, na akikivunja anaweza kufungwa mwaka mmoja na kutozwa faini ya euro 15,000. Asingeweza kuitengeneza filamu yake Paris wala London. Alikwenda Mississippi, jimbo ambalo watu wengi wa Ulaya hulitazama kwa dharau, kwa sababu Marekani mjumbe wa juri, hukumu ikishatolewa, kwa kawaida yuko huru kuzungumza akitaka. Huko alikuwako Lindy Lou, mwanamke Mbaptisti, mhafidhina, mtu wa bunduki na kanisa. Mwaka 1994 alikuwa mjumbe namba mbili katika juri iliyomhukumu kifo mtu aliyewaua wanawake wawili mwaka 1982. Filamu ilitoka 2017, na jina lake ni Lindy Lou, Juror Number 2.

Wanafunzi wa sheria mtaniwia radhi nikieleza jambo mnalolijua. Katika Mississippi adhabu ya kifo hutaka wajumbe wote 12 wakubaliane. Wakishindwa kukubaliana, jaji hutoa kifungo cha maisha. Maana yake ni kwamba kura ya mtu mmoja, yeyote kati yao, ilitosha kuizuia adhabu ile. Kwa hiyo hakuna mjumbe anayeweza kujiambia kwamba wengi walimshinda. Sheria iliweka sharti hilo ili kumlinda mshtakiwa. Bila kukusudia, ikamtwisha kila mjumbe mzigo wote mzima badala ya sehemu moja ya 12.

Lindy Lou alirudi nyumbani akaishi na jambo hilo. Miaka ikapita, rufaa zikaendelea, na mtu yule akawa bado hai gerezani Parchman. Mwishowe Lindy Lou akafanya jambo ambalo hakuna kanuni inayolitaja: akaenda kumtembelea. Wakawa wanajuana. Tarehe 18 Oktoba 2006 mtu yule akauawa na serikali ya jimbo. Hapo ndipo, kwa sheria, kesi ilipokwisha. Kwa filamu ndipo inapoanzia, maana Lindy Lou, miaka 22 baada ya hukumu, anaingia garini na kuzunguka Mississippi kuwatafuta wenzake waliokaa naye katika chumba kile.

Sikilizeni sasa jinsi filamu hiyo ilivyojengwa, kwa sababu hapa pana somo la ufundi. Hakuna picha za chumba cha juri, hazikuwahi kuwepo. Hakuna maigizo, wala muziki wa kutisha, wala kivuli cha nyundo ya jaji ukutani. Kuna barabara, kuna milango, kuna viti vya sebuleni. Mtu mzima anaketi mbele ya mtu mzima mwenzake na kumuuliza kitu ambacho wote wawili waliwahi kukifanya. Mwenye kuuliza si mwandishi wa habari aliyetoka mjini na daftari, naye anajibu anapoulizwa. Ndiyo sababu wanasema. Wengine wamesahau mengi, na wengine hawajui walichokuwa wamekibeba mpaka anapofika mgeni anayekijua. Mhariri amewaachia muda wa kusita, na katika kusita kule mnaona mawazo yakitafuta njia.

Ninachokipenda zaidi ni kwamba Lindy Lou hawahubirii. Anaweza kumsikiliza anayesema angepiga kura ileile leo. Filamu nyingi za kupinga adhabu ya kifo zinajua jibu kabla ya kuwasha kamera, na mtazamaji analijua pia, ndiyo maana huzitazama tu wale ambao tayari wamekubali. Hii haikuwekwa katika kapu hilo.

Nina lawama moja, na nitaisema. Wanawake wawili waliouawa mwaka 1982 wamepewa nafasi ndogo mno. Najua mwongozaji atasema filamu yake ni ya wajumbe. Lakini wajumbe walikuwa chumbani mle kwa sababu ya wanawake hao. Uchungu wa mjumbe ukitenganishwa na uchungu uliomleta pale, unaanza kufanana na wa mtu aliyejiumiza mwenyewe. Nasema hili kwa wanafunzi wa filamu hasa, kwa kuwa ninyi mtakuja kumpenda mhusika wenu mkuu. Ni lazima mumpende. Na mkishampenda mtaanza kuwasahau wengine.

Sheria nayo imeanza kuukubali mzigo huo, polepole. Kanada ilikuwa na kifungu kilichomkataza mjumbe kufichua yaliyosemwa chumbani, hata kwa daktari wa akili aliyekuwa akimtibu kwa sababu ya kesi hiyohiyo. Mwaka 2018 kamati ya sheria ya Bunge ilitoa ripoti kuhusu msaada kwa wajumbe, na mwaka 2022 sheria ikarekebishwa ili mjumbe aweze kuzungumza na mtaalamu wa afya ya akili. Watu wamekuwa wakisikiliza ushahidi wa mauaji ya watoto kwa karne nzima, na ruhusa ya kumwambia daktari imepatikana juzi.

Huenda mnasema haya ni ya Wazungu, sisi hatuna juri. Si kweli kabisa. Kenya ya kikoloni ilikuwa na juri, ila ilikuwa ya Wazungu kwa ajili ya Wazungu. Juri ya namna hiyo ndiyo iliyomwachia huru Sir Jock Delves Broughton mjini Nairobi mwezi Julai 1941, katika kesi ya kuuawa kwa Lord Erroll. Kesi hiyo imezaa kitabu na filamu ya mwaka 1987, White Mischief, na vyote vimejaa wapenzi, pombe na farasi. Mwafrika aliyeshtakiwa kwa kuua katika jiji lilelile hakupewa juri. Alipewa jaji na wazee wa baraza.

Kabla sijafika kwa wazee hao, nipitie Rwanda, kwa sababu huko raia walihukumu kwa wingi ambao dunia haijauona kwingine. Mahakama za gacaca, zaidi ya 12,000, zilishughulikia karibu kesi milioni mbili za mauaji ya kimbari ya 1994 kabla ya kufungwa rasmi Juni 2012. Waliohukumu, inyangamugayo, walichaguliwa na majirani zao na hawakuwa wanasheria. Anne Aghion, mtengenezaji filamu mwenye asili ya Ufaransa na Marekani, alikwenda katika kilima cha Gafumba na kurudi tena na tena kwa karibu miaka 10, akatoa filamu kadhaa fupi, na mwaka 2009 ile ndefu ya My Neighbor My Killer. Mississippi ilimlazimu Lindy Lou aendeshe gari kuwatafuta wenzake. Gafumba hakuna wa kutafutwa. Aliyehukumu, aliyehukumiwa na aliyefiwa wanachota maji pamoja asubuhi. Aghion aliliona hilo, ndiyo maana alikaa muda mrefu hivyo. Mtu wa kamera aliyefika siku ya kikao tu aliondoka na picha za watu wamekaa kwenye majani.

Sasa wazee wa baraza. Kenya iliwaondoa mwaka 2007. Tanzania Bara iliendelea nao: Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya 1985 ilitaka kesi za jinai zinazosikilizwa Mahakama Kuu ziwe na wazee wasiopungua wawili, mpaka marekebisho ya mwaka 2022 yalipoliacha jambo hilo kwa hiari ya mahakama. Mzee wa baraza alisikiliza mashahidi, jaji akampa majumuisho, kisha akatakiwa atoe maoni yake kwa mdomo, mbele ya watu wote, mshtakiwa akiwa kizimbani anamtazama. Na jaji hakufungwa na maoni hayo. Yaani kinyume kabisa cha juri: mjumbe wa juri huamua na hufichwa, mzee wa baraza alisikika na hakuamua. Tofauti ni Mahakama ya Mwanzo, ambako kwa miongo mingi hakimu alikaa na washauri wasiopungua wawili na sauti zao zikahesabiwa pamoja na yake, kwa Kiswahili, katika kesi za mbuzi, mashamba na ndoa.

Mahakama ya Rufani imefuta mienendo mingi ya kesi za mauaji kwa sababu zinazowahusu wazee hawa: kwamba hawakupewa majumuisho ya kutosha, au kwamba waliruhusiwa kuwauliza mashahidi maswali ya dodoso badala ya maswali ya ufafanuzi tu. Nikizisoma hukumu hizo naona jambo ambalo mawakili hupita juu yake haraka. Katika kumbukumbu kuna mtu aliyetaka kujua zaidi ya alivyoruhusiwa. Alimbana shahidi. Kesi ikarudiwa upya kwa ajili yake, na huenda hakuambiwa.

Filamu ya wazee hawa wa baraza sijaiona popote. Wengi wao ni watu wazima sasa, na waliokaa katika kesi za miaka ya 1980 hawatakuwepo muda mrefu. Wala hapa hakuna kiapo cha siri kama cha Ufaransa cha kukwepa. Maoni yao yalitolewa hadharani na yamo kwenye majalada. Msiniambie mahakama za Afrika hazikubali kamera. Kim Longinotto na Florence Ayisi walipiga Sisters in Law mjini Kumba, Kamerun, wakiwafuata mwendesha mashtaka Vera Ngassa na jaji Beatrice Ntuba kazini kwao, na filamu ikatoka 2005. Mahakama ya Juu ya Kenya ilisikiliza shauri la uchaguzi wa urais mwaka 2013 likirushwa moja kwa moja. Tena kwa filamu ninayoisema hamhitaji hata kuingia mahakamani. Mnahitaji nakala ya jalada, nauli, na uvumilivu wa kukaa barazani kwa mtu mpaka kahawa iishe kabla ya kutaja kesi.

Kazi ya jalada ni ya upande huu wa ukumbi, kazi ya barazani ni ya upande ule. Mkienda, msianze kwa kumuuliza mzee alitoa maoni gani, kwa kuwa hayo mtakuwa mmeshayasoma. Muulizeni kama kuna mtu aliyewahi kurudi kumwambia kesi iliishaje, na kama hakuna, mwulizeni kwanza kama anataka kujua, kabla hamjafungua faili.